Kuongeza RAM kwa Kompyuta ya Kuchorea Ramani: Mwongozo Kamili wa Kupima, Kununua, Kufunga na Kujaribu

RAM, yaani kumbukumbu ya kazi ya kompyuta, imenunuliwa, imechomekwa, mashine haiwaki. Au inawaka vizuri, lakini Revit, programu ya kuchora majengo, inaganda vilevile kama jana. Wachoraji wengi wa ramani za majengo Mombasa hukwama kwenye moja ya haya mawili, na karibu kila mara chanzo ni kimoja: pesa zimetoka mfukoni kabla ya mashine kupimwa.

Hatua zilizo hapa chini ni za kompyuta za Windows, za mezani na laptopu, zinazotumika kwa AutoCAD, Revit, ArchiCAD au SketchUp. Zifuate kwa mpangilio. Anayeruka hatua ya 1 na ya 2 ndiye anayerudi dukani na kipande kisichorudishika.

Vitu vya kuwa navyo kabla ya kuanza

- Mchoro wako mzito kuliko yote, pamoja na faili zake zote zilizounganishwa
- Bisibisi ya nyota namba 2 kwa kompyuta ya mezani. Namba 0 kwa laptopu
- Kadi ya plastiki, kama ya simu iliyokwisha, ya kufungulia kifuniko cha laptopu
- Brashi laini ya rangi ya inchi 1 ambayo haijawahi kutumika
- Alkoholi ya isopropili ya asilimia 99 na kitambaa kisichotoa nyuzi. Spiriti ya kawaida ina maji na rangi, iache
- Flashi ya USB ya kuwekea programu ya kujaribia RAM
- Diski ya nje ya kuhifadhi nakala
- Taulo ndogo ya jasho. Si mzaha, utaona kwenye hatua ya 4

Hatua ya 1: Pima ukiwa kazini

Washa mashine, fungua mchoro mzito, kisha fungua kila kitu unachofungua siku ya kawaida: kivinjari, WhatsApp ya kompyuta, ile PDF ya mhandisi. Fanya kazi kwa dakika 20 hivi. Zungusha modeli, badilisha kurasa, chapisha karatasi moja kuwa PDF.

Bila kufunga kitu, bonyeza Ctrl+Shift+Esc kufungua Task Manager, nenda Performance, kisha Memory. Tazama namba mbili: In use (RAM inayotumika sasa) na Committed (kumbukumbu yote ambayo programu zimeahidiwa). Halafu tazama Disk na CPU, yaani prosesa.

Soma hivi:

In use ikikaribia kujaa, namba ya kwanza ya Committed ikipita RAM uliyo nayo, na diski ikipiga asilimia 100 kila unapobadilisha ukurasa, RAM imekwisha. Windows inahamisha kazi yako kwenye diski na kuirudisha, na hapo ndipo kuganda kunapotoka. Endelea na mwongozo.

RAM ikiwa imetumika nusu tu, na CPU inasimama karibu asilimia 12 kwenye prosesa yenye nyuzi 8, yaani njia 8 za kufanyia kazi kwa wakati mmoja (au 25 kwenye yenye nyuzi 4), usinunue RAM. Hiyo ni dalili kwamba uzi mmoja umejaa na mingine imekaa bure. AutoCAD na SketchUp hufanya sehemu kubwa ya uchoraji kwenye uzi mmoja, kwa hivyo hata GB 128 hazitaharakisha kitu hapo.

Diski ikiwa ni ile ya zamani ya kuzunguka, anza na SSD, diski ya kasi isiyozunguka, hata kama RAM nayo ni ndogo. Na kama kila kitu kimetulia isipokuwa modeli inarukaruka unapoizungusha, tatizo ni kadi ya picha.

*Kiasi gani?* Kwa Revit kuna kanuni ya kukisia inayofanya kazi: ukubwa wa faili mara 20. Ramani ya msanifu ya MB 400, ya mihimili MB 250, ya mabomba na stima MB 300, zote zimeunganishwa: jumla MB 950, mara 20 ni karibu GB 19. Ongeza Windows na kivinjari, utaona GB 16 haitoshi na GB 32 ndiyo saizi yake. Kwa michoro bapa ya AutoCAD, GB 16 humtosha mtu wa nyumba za kawaida. Anayefungua skani za leza za majengo, mathalani kumbi na roshani za Mji wa Kale zilizopimwa nukta kwa nukta, aanze kufikiria GB 64.

*Umefaulu ukiwa na:* namba za In use, Committed, Disk na CPU zimeandikwa kwenye karatasi. Utazihitaji mwishoni.

Hatua ya 2: Hakikisha mashine inaweza kuitumia

Anza na biti, zinazoamua programu inaweza kufikia RAM kiasi gani. Nenda Settings, System, About. Windows ya biti 32 haioni zaidi ya GB 4 hata ukiijaza GB 32, na kila programu ndani yake kwa kawaida hupewa GB 2 tu. Programu pia ina biti zake: kwenye Task Manager, programu ya biti 32 huandikwa "(32 bit)" kando ya jina.

Jambo hili ndilo lililobadilisha programu za kuchora kuliko kitufe chochote kipya. AutoCAD ilipata toleo la biti 64 mwaka 2007, kwenye AutoCAD 2008, na tangu AutoCAD 2020 hakuna tena la biti 32. Revit iliacha biti 32 kuanzia toleo la 2015. Enzi za biti 32 mradi wa hoteli ulikatwa vipande, bawa hili faili yake na bawa lile faili yake, kwa sababu ukuta wa GB 2 ulikuwa palepale kwa kila mtu, tajiri na maskini. Ukiona bado unakata jengo vipande kwa mazoea huku una programu ya biti 64, jua unajisumbua. Na ukiwa bado unatumia toleo la zamani la biti 32, RAM mpya haitamsaidia mchoraji, itamsaidia kivinjari.

Sasa mazabodi, ile bodi kuu ya kompyuta. Fungua PowerShell, dirisha la amri la Windows, uandike:

Get-CimInstance Win32_PhysicalMemory | Select-Object DeviceLocator, Capacity, Speed, PartNumber

Utaona vipande ulivyonavyo, vimekaa nafasi gani na kwa kasi gani. Task Manager itakuonyesha jumla ya nafasi kwenye "Slots used". Kiwango cha juu kitafute kwenye karatasi rasmi ya modeli yako.

Baadhi ya mashine za mitumba zinazouzwa mjini ni za Intel za kizazi cha 2 hadi cha 4, zenye DDR3. Hizo hazipokei zaidi ya GB 8 kwa kila nafasi. Yenye nafasi 2 mwisho wake ni GB 16, basi. Kama hesabu yako ya hatua ya 1 imekupa GB 32, uza mashine hiyo ungali na mnunuzi, usiihudumie.

*Onyo kwa laptopu:* nyembamba nyingi RAM yake imechomelewa kwenye mazabodi. Task Manager ikionyesha nafasi zisizolingana na zile unazoziona ukifungua, au Form factor ikisema kitu kisicho SODIMM (kipande kifupi cha laptopu), hapo kuna RAM iliyochomelewa. Kama hakuna nafasi ya wazi, hakuna cha kuongeza.

Hatua ya 3: Nunua kwa kusoma lebo, si kwa kusikia bei

Aina hazichanganyiki. DDR3, DDR4 na DDR5 zina pengo mahali tofauti, na ya laptopu ni fupi kuliko ya mezani. Ikikataa kuingia, usisukume.

Hatari zaidi ni ile inayoingia na isifanye kazi. Chukua kipande mkononi usome. Lebo huandikwa kwa mtindo huu:

8GB 2Rx8 PC4-2400T-UA2

PC4 ni DDR4. 2400 ni kasi. Herufi baada ya kistari cha pili ndiyo ya kutolea macho: U ni ya kompyuta ya mezani ya kawaida, S ni ya laptopu, E ni ya mezani yenye ECC (inayojisahihisha makosa), na R ni ya seva. RAM ya R huwa rahisi sana sokoni kwa sababu imetolewa kwenye seva zilizostaafu. Ya DDR4 inaingia vizuri kabisa kwenye mashine ya kawaida, inabana, inapendeza, na mashine haiwaki. Wanaokosea hapa ni wengi kuliko kwingine kote.

Kinyume chake pia ni kweli: HP Z440, kompyuta ya mezani ya kazi nzito, hutumia R. Ukiichomekea U, umepoteza pesa. Wala usichanganye U na R katika mashine moja.

Kwa laptopu za DDR3 za kizazi cha 4 na kuendelea, tafuta PC3L, yaani ya volti 1.35. Ile ya volti 1.5 kwa kawaida itakataliwa.

Nunua vipande 2 vinavyofanana badala ya kimoja kikubwa. Viwili hufanya kazi sambamba, na mashine isiyo na kadi ya picha ya peke yake huazima RAM hiyohiyo kuonyesha modeli, kwa hivyo utaona tofauti unapozungusha. Ukichanganya kasi mbili, vyote hukimbia kwa kasi ya kile cha polepole.

Dukani beba mashine, au angalau picha ya lebo ya kipande cha sasa. Mwambie muuzaji: "Kaka, naomba DDR4 ya mezani, herufi U, GB 16 mbili za kampuni moja. Tuijaribu hapa, na kwenye risiti uandike siku za kurudisha." Asiyekubali kuandika, nenda duka la pili. Kuanzia Moi Avenue mpaka Digo Road hutakosa.

Hatua ya 4: Kabla ya kufungua kifuniko

Hifadhi nakala ya miradi kwenye diski ya nje. Kama BitLocker, kufuli ya Windows ya diski, imewashwa, chukua ule ufunguo wa tarakimu 48 uuandike kando. Mabadiliko ya BIOS, programu ya msingi inayowasha mashine, yanaweza kuufanya uulizwe.

Zima kwa kushikilia Shift huku ukibonyeza Shut down, ili Windows izime kabisa na isijilaze. Chomoa waya wa stima, kisha bonyeza kitufe cha kuwasha kwa sekunde 10 kumaliza umeme uliobaki. Kwa laptopu, ukishafungua kifuniko chomoa betri kwanza kabla ya kugusa kingine.

Pwani ina mambo mawili ambayo miongozo ya nchi baridi haiyataji. Moja ni umande: laptopu iliyotoka kwenye ofisi yenye kiyoyozi ikafunguliwa kwenye fukuto la nje hulowa ndani, kama chupa ya soda iliyotoka kwenye friji. Iache nusu saa ipate joto la chumba, halafu ndiyo ufungue. La pili ni jasho. Tone moja kutoka kwenye paji la uso ni maji ya chumvi, na likidondokea kwenye mazabodi lina madhara kuliko ule umeme tuli unaohofiwa sana. Jifute, fanya kazi mbele ya feni isiyokupeperushia vumbi, na uguse chuma cha kasha kila unaporudi mezani.

Hatua ya 5: Safisha, kisha funga

Vumbi la hapa halipulizwi likatoka. Unyevu na chumvi hulifanya lishikamane kama tope kavu, hasa kwenye nyumba zilizo karibu na maji, Nyali au Likoni. Lilegeze kwa brashi ndani ya nafasi za RAM, ukiinamisha kasha ili lianguke nje.

Toa vipande vya zamani: fungua vibano, kipande kitajiinua. Tazama meno yake ya dhahabu. Ukiona madoa ya kijani au weusi, futa kwa kitambaa chenye alkoholi, kwa mwelekeo mmoja, mara kadhaa, uache pakauke. Ufutio wa penseli husafisha lakini hukwangua dhahabu na kuacha unga unaoingia kwenye nafasi. Uwe wa dharura tu.

*Kompyuta ya mezani:* kwa vipande 2 kwenye nafasi 4, mazabodi nyingi zinataka nafasi ya 2 na ya 4 kuanzia upande wa prosesa. Mashine za ofisi huweka rangi au namba, fuata hizo. Linganisha pengo, sukuma ncha zote mbili kwa dole gumba mpaka kibano kilie "tak". Itahitaji nguvu kuliko unavyotarajia.

*Laptopu:* ingiza ukiinamisha kama nyuzi 30, isukume mpaka meno ya dhahabu yakaribie kupotea, kisha ilaze chini vibano viishike.

*Umefaulu ukiona:* vipande vyote vina kimo kimoja. Kinachopandisha upande mmoja juu hakijaingia.

Hatua ya 6: Kuwasha mara ya kwanza

Usifunge kifuniko bado. Washa na usubiri. Mashine za DDR5 zinaweza kukaa na skrini nyeusi dakika kadhaa zikijifunza RAM mpya, na anayezima katikati huanza upya. Dell hutoa ujumbe kwamba kiasi cha kumbukumbu kimebadilika. Fuata kitufe wanachotaja na uendelee.

Ikilia milio au taa ikimeta bila picha:

1. Zima, chomoa stima, toa vyote, rudisha kimoja kipya peke yake. Jaribu kila nafasi.
2. Kipande kikifanya kazi nafasi moja na kukataa nyingine, nafasi ni chafu. Rudi hatua ya 5.
3. Kikikataa kila mahali na cha zamani kinawaka, soma tena ile herufi ya lebo ya hatua ya 3.
4. Kila kimoja kinawaka peke yake lakini pamoja havitaki: toa betri ya CR2032, ile ya duara kama sarafu kwenye mazabodi, kwa dakika 5, rudisha, jaribu. Vikigoma tena, havipatani. Virudishe.

Hatua ya 7: Thibitisha na ujaribu

Task Manager ionyeshe jumla sahihi. Ikionyesha pungufu, tazama "Hardware reserved". Mamia ya MB ni ya kawaida kwa mashine inayoazima RAM kwa picha. Ikiwa ni GB kadhaa, andika msconfig kwenye kisanduku cha kutafutia cha Windows, nenda Boot, Advanced options, na utoe alama kwenye Maximum memory. Mtu aliwahi kuiweka akidhani inaongeza kasi.

Kisha jaribu RAM yenyewe. Weka MemTest86 kwenye flashi, washia hapo, uiache usiku. Toleo la bure huzunguka mara 4. Kosa moja tu linatosha kurudisha kipande. Kwenye video kosa la RAM ni kidoa kinachopita. Kwenye DWG, faili ya mchoro ya AutoCAD, linaweza kuhifadhiwa ndani ya faili, nawe ukaendelea kulihifadhi juu ya nakala zako nzuri kwa wiki nzima.

Kama stima ya mtaani kwenu hukatika, fanya jaribio hili kwenye UPS au usubiri siku iliyotulia.

Hatua ya 8: Iambie Windows

Faili ya kubadilishana kumbukumbu (page file) iachie Windows iisimamie, kwenye SSD. Wanaoizima kabisa baada ya kupata GB 32 hujikuta programu inafungwa ghafla ikijaa.

Tazama nafasi kwenye C. Faili ya kulaza mashine (hibernate) hukua pamoja na RAM, na kwa kawaida hufikia asilimia 40 yake, karibu GB 13 kwa mashine ya GB 32. Kwenye SSD ya GB 128 hilo ni pigo. Kama hutumii kulaza mashine, fungua Command Prompt kama msimamizi uandike powercfg /h off.

Ndani ya AutoCAD weka SAVETIME 10, ijihifadhie kila dakika 10. Hii haihusu RAM, inahusu stima.

Hatua ya 9: Punguza uzito wa mchoro

Hapa ndipo pana faida kubwa ya bure. Andika amri hizi za AutoCAD kwenye nakala, si kwenye faili halisi:

1. AUDIT, jibu Y.
2. PURGE, ondoa vyote, rudia mpaka pasibaki kitu.
3. -PURGE, kisha R, kufuta majina ya programu yaliyorundikana. Faili zilizopita mikononi mwa ofisi nyingi huwa nayo maelfu.
4. -SCALELISTEDIT, R, Y, E, kurudisha orodha ya skeli kwenye ile ya kawaida.
5. OVERKILL kwa mistari iliyolaliana.

Halafu picha. JPEG ya setilaiti yenye MB 5 kwenye diski haikai MB 5 kwenye RAM. Pikseli 10,000 kwa 10,000, kila moja baiti 3, ni MB 300 ikifunguliwa. Ikate ibaki kiwanja na barabara yake, uipunguze kabla ya kuiunganisha.

Mwisho ni majira ya nukta (coordinates), na hili RAM hailitibu kamwe. Faili ya mpima ardhi kwa Mombasa mara nyingi huja kwenye UTM, mfumo wa majira ya dunia nzima, kanda ya 37 Kusini, yaani mashariki karibu 574,000 na kaskazini karibu 9,552,000, kwa mita. Ukiigeuza iwe milimita, jengo linakaa mabilioni ya vizio kutoka sifuri. Dalili zake ni mistari inayotetemeka ukikaribia, mijazo ya michoro inayokatika, na modeli inayoruka ikizungushwa. Wengi huita hali hiyo "mashine imechoka".

Kwenye Revit, unganisha faili ya mpima katikati kwa katikati, kisha uchukue majira yake kwa Acquire Coordinates. Kwenye AutoCAD, chora jengo karibu na sifuri katika faili yake na uliunganishe kwenye faili ya mpima. Ukilazimika kuhamisha mchoro wenyewe, andika ndani yake nukta ya kigingi uliyohamishia na majira yake kamili. Usimrudishie mpima faili iliyohamishwa bila kumwambia. Mipaka ya kiwanja haina utani.

Hatua ya 10: Pima tena

Fungua faili zilezile za hatua ya 1, kwa dakika zilezile, ulinganishe na karatasi. In use iwe imepanda kwa namba lakini imeshuka kwa asilimia, Committed ibaki chini ya RAM uliyonayo, na diski itulie unapobadilisha ukurasa. Diski ikiwa imetulia na CPU bado imesimama kwenye ule uzi mmoja, ununuzi unaofuata ni prosesa ya kasi, si RAM zaidi.

Kipande cha zamani usikitupe kwenye droo. Kitie kwenye mfuko wake wa kuzuia umeme tuli, pamoja na kipakiti cha kunyonya unyevu, ndani ya kopo lenye kifuniko kinachobana. Kikikaa wazi, hewa ya chumvi itakula meno yake, nacho ndicho utakachokihitaji kwa hatua ya 6 siku kipya kitakapokataa.